Baridi Isiyo na Jina: Safari ya Siberia Ikisomwa Chini ya Uluguru

Kila yanapozuka mazungumzo juu ya kufasiri fasihi ya nchi za kaskazini, hapakosi mtu wa kusema kwamba Kiswahili ni lugha ya minazi na maji ya chumvi, na kwamba mwenye kukipeleka kwenye theluji atakuta kimemgandia mdomoni. Ajabu ni kwamba maneno haya husemwa na Waswahili wenyewe, na wengine wao ni washairi wa kuheshimika. Jibu lake lilikwisha kupigwa chapa tangu mwaka 1901. Limelala tu kitabuni, likingoja msomaji.

Kitabu chenyewe ni *Safari za Wasuaheli*, kilichotolewa Göttingen, Ujerumani, mwaka huo. Aliyekihariri ni Carl Velten, aliyekuwa mkalimani wa serikali ya Kijerumani huku kwetu kabla ya kuwa mwalimu wa Kiswahili Berlin. Ndani yake mna habari za wasafiri wa pwani, na miongoni mwao ni Selemani bin Mwenye Chande na Mtoro bin Mwinyi Bakari. Mna pia habari ambayo wengi wakitajiwa hudhani ni mzaha: safari ya Urusi na Siberia ya Salim bin Abakari, mtu wa Visiwa vya Komoro. Mwaka 1965 Lyndon Harries aliitoa tena pamoja na tafsiri ya Kiingereza katika mkusanyo wake wa nathari za Kiswahili. Tangu hapo wataalamu wameitaja katika makala zao, lakini wapenzi wa lugha ambao si watu wa vyuo ni wachache mno walioionja.

Safari yenyewe ilifanyika mwaka 1896. Salim alikuwa mtumishi wa Theodor Bumiller, ofisa wa Kijerumani aliyekuwa msaidizi wa Wissmann. Walitoka Ujerumani wakapita Petersburg, Moscow na Nizhny Novgorod, wakaufuata mto Volga, wakaingia Siberia mpaka milima ya Altai, kisha wakateremka kusini katika nchi za Samarkand na Bukhara. Katika zama zile hata Warusi wenyewe wengi hawakuwahi kufika huko.

Kabla ya kusifu, na tuseme lililo zito. Wissmann na maofisa wake ndio walioivunja Mrima katika vita vya mwaka 1889. Hemedi bin Abdallah el-Buhry aliyatungia mambo hayo utenzi wake mashuhuri wa vita vya Wadachi. Basi Kiswahili cha kizazi kimoja kilizaa kalamu mbili: moja yaomboleza nchi iliyotwaliwa, na nyingine yafuatana na mmoja wa waliokuja kuitwaa mpaka kwenye baridi ya Siberia. Tumezoea kuienzi ya kwanza na kuinyamazia ya pili. Mimi naona tukiisoma moja bila ya nyingine tumesoma nusu ya karne ile.

Sasa tuje kwenye uandishi wenyewe. Anayetafuta ndani yake mapambo ya lugha atarudi mikono mitupu. Salim hapambi. Sentensi zake ni fupi na zinakwenda kwa kiambishi cha *-ka-*: wakatoka, wakafika, wakalala, wakaamka, wakashika njia. Msomaji wa haraka ataona ni umaskini wa kalamu. Lakini mwenye kuishi Morogoro, chini ya Uluguru, anaujua mwendo huo ulikotoka. Njia ya misafara kutoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji ilipita hapa, kaskazini ya milima hii, penye mji wa Kisabengo ambao Stanley aliukuta mwaka 1871 ukiitwa Simbamwene. Wapagazi walitua mizigo penye maji yanayoshuka mlimani, wakapokea posho, wakasubiri hongo iamuliwe, wakaondoka. Katika njia kama hiyo ndipo nathari ya safari ya Kiswahili ilipojifunza kutembea. Ile *-ka-* ni hatua ya mguu: kila moja ni kambi moja. Salim aliichukua hatua hiyo kama ilivyo, akaenda nayo katika nchi ya farasi, merikebu za mtoni na magari ya moshi, nayo haikumwangusha.

Wapenzi wa tenzi hawatashangaa. Mtunzi wa utenzi naye huenda kwa *-ka-*, beti baada ya beti, na mizani minane ikimshika mkono asikimbie. Tofauti ni kwamba mwenye utenzi ana kina cha kumpumzisha mwisho wa ubeti, na Salim hana ila jina la mji unaofuata. Majina hayo ndiyo vina vyake.

Liko jambo jingine ambalo wafasiri tulipime vizuri, nalo ni saa. Saa ya Kiswahili inahesabiwa kwa jua: likichomoza ni saa kumi na mbili asubuhi, likizama ni saa kumi na mbili jioni, na kwetu tunaokaa karibu na Ikweta hesabu hiyo haidanganyi mwaka mzima. Petersburg katika mwezi wa Juni jua huchomoza usiku ungali mchanga kwa hesabu yetu, tena huchelewa kuzama mpaka mtu anaweza kusoma barua nje wakati wa kulala. Msafiri Mwislamu hapo hakuharibikiwa saa tu. Magharibi yake imesogea, Isha yake imebanwa, na Alfajiri inamgongea mlango kabla hajafunga macho. Washairi wa Ulaya wameziimba sana nyakati hizo za usiku mweupe. Lakini kwa nani zina uzito zaidi kuliko kwa mtu ambaye lugha yake na sala zake zote mbili zimefungwa kwenye jua? Hapo ndipo Kiswahili kinapokuwa na la kusema ambalo lugha ya mwenyeji haina.

Na theluji je? Mwaka 1848 mmisionari Johannes Rebmann alipouona weupe wa kilele cha Kilimanjaro, kiongozi wake aliujua kwa jina moja tu: baridi. Wako wanaoisimulia habari hii kama ushahidi wa ufukara wa lugha. Mimi naisoma kinyume. Mtu yule alikiita kitu kwa kile kinachomfanyia mwanadamu, na huo ndio msingi wa ushairi. Tena lugha haikusimama hapo. Kiswahili kina *theluji* kutoka Kiarabu. Kina *barafu* kutoka Kiajemi, ambako maana yake ni theluji ile ile, ila kilipovuka bahari kikawa kitu kigumu cha kutilia samaki. Kina *sakitu* na *jalidi* kwa umande ulioganda. Kina *kuzizima*, kitenzi ambacho peke yake ni shairi. Na tukipanda bara, Wagogo walio magharibi ya Morogoro huiita baridi *mbeho*, neno ambalo ni ndugu wa upepo wetu. Aliyelala Mgeta mwezi wa Julai, au aliyewahi kupanda kuelekea Lukwangule ambako Uluguru unapita mita 2,600, hahitaji kufundishwa kwamba ukungu una uzito na kwamba mifupa husikia kabla ya ngozi. Kwa hiyo maneno tunayo. Tulichopungukiwa ni ujasiri wa kuyatumia bila ya kuomba radhi.

Nisije nikaonekana kuwa mfuasi kipofu, nitaje na kasoro. Na kasoro ya kwanza inatugusa sisi wa mlimani. Katika Kiswahili cha karne ya 19 mtu wa bara asiyekuwa Mwislamu aliitwa mshenzi, na neno hilo limetapakaa katika maandishi ya safari ya zama hizo kama vumbi la njia. Mtoro alipoandika habari za Udoe na Uzigua, majirani wa Uluguru, alikuwa mtazamaji makini kuliko wengi, hata hivyo alitazama kutoka pwani. Salim naye alikwenda Siberia na mizani hiyo hiyo. Watu anawapima kwa dini yao, chakula chao, mavazi yao na nyumba zao. Watatari Waislamu ni jamaa ingawa hajapata kuwaona. Wakalmuki wa mahema wako mbali naye. Wasomaji wa visiwani, nawaomba mlisome jambo hili bila ya kuona haya na bila ya kulificha. Babu zetu wa Uluguru walitazamwa hivyo hivyo kutoka kwenye mizigo ya misafara.

Lakini katika kasoro hiyo hiyo mna uvumbuzi. Wajerumani wa siku zile waliandika kana kwamba pori ni mali ya Afrika na ustaarabu ni mali ya Ulaya. Salim, kwa kuifuata mizani ya pwani bila ya kuibadili, akagundua kwamba utawala wa mfalme wa Kizungu nao una bara lake, una nyika yake, una watu wanaohama na mifugo yao, wasiojua mji. Hakulihubiri jambo hilo. Alilisema tu kama habari za njia, na kwa sababu hiyo halipingiki.

Kasoro ya pili ni ukimya wake juu ya nafsi yake. Yeye ndiye aliyehudumia na ndiye aliyetazamwa na kila kijiji kilichokuwa hakijaona mtu mweusi, lakini moyo wake hatuupati ila kwa kuuvizia. Kosa si lake peke yake. Habari hizi zilikusanywa kwa ajili ya wanafunzi wa Kijerumani waliotaka kujifunza lugha, na mhariri ndiye aliyeshika mkasi. Matthew Henson, Mmarekani mweusi aliyefanya kazi kwa Robert Peary tangu mwaka 1887 na kusafiri naye kuelekea Ncha ya Kaskazini mwaka 1909, angalau alikuwa na kitabu chenye jina lake jaladani mwaka 1912. Tété-Michel Kpomassie wa Togo alikwenda Greenland kwa hiari yake, hakutumwa na bwana yeyote, na kitabu chake cha mwaka 1981 kinacheka na kulalamika kama apendavyo. Sayyida Salme wetu wa Unguja, aliyehamia Hamburg mwaka 1867, aliutoa moyo wake katika kumbukumbu za mwaka 1886, lakini kwa Kijerumani. Salim ana pungufu kuliko wote hao kwa upande wa nafsi. Kwa upande wa lugha anawashinda wote mbele yetu, maana yeye aliitaja kaskazini kwa Kiswahili, hakungoja mtu amfasirie.

Hilo ndilo linalonifanya niseme kwamba maandishi haya yasiachiwe watafiti peke yao. Mshairi kijana anayeambiwa kwamba mashairi ya Kiswahili lazima yawe na jahazi na mwezi, apewe kurasa hizi azisome. Mfasiri anayesita mbele ya riwaya ya Kirusi, apewe vilevile. Na wachapishaji wa visiwani, ambako msafiri huyu angehesabiwa ndugu, wangefanya jema kuzitoa katika kijitabu cha bei nafuu, kwa tahajia ya leo, na maelezo mafupi yasiyowatetea Bumiller wala Velten.

Lugha iliyotembea kutoka Bagamoyo ikapita chini ya Uluguru, ikafika Kongo, haikuwahi kuuliza ruhusa ya mtu. Mwaka 1896 ilifika Altai miguuni mwa mtumishi. Sasa ni zamu yetu kuipeleka huko ikiwa na viatu vyake yenyewe.