Nomu tatu na alama 2500: jinsi grandmasta anavyopatikana

Grandmasta ndicho cheo cha juu kabisa katika chesi, ukiondoa taji la bingwa wa dunia. FIDE, shirikisho la mchezo huo duniani, lilikitoa rasmi kwa mara ya kwanza mwaka 1950 kwa wachezaji 27. Aliyekipata hukaa nacho maisha yake yote, hata akizeeka na kuanza kufungwa na vijana. Hakuna mtihani unaofanywa wala kura inayopigwa, ni hesabu tu. Kwa kanuni za sasa mchezaji lazima afikishe alama 2500 kwenye orodha ya viwango, na apate nomu, yaani matokeo ya kiwango cha grandmasta katika shindano moja, kwa kawaida tatu, zenye jumla ya michezo isiyopungua 27.

Alama zenyewe ni kazi ya Arpad Elo, mwalimu wa fizikia wa Marekani aliyezaliwa Hungaria. FIDE ilianza kutumia mfumo wake mwaka 1970. Kila mchezaji ana namba yake, na tofauti ya namba mbili ndiyo inayotabiri matokeo. Anayemzidi mwenzake kwa alama 200 hutarajiwa kuvuna takriban asilimia 76 ya pointi, ushindi ukihesabiwa pointi moja na sare nusu. Akivuna zaidi ya matarajio hupanda, akivuna pungufu hushuka. Ziada hiyo huzidishwa kwa 40 kwa mchezaji mgeni, kwa 20 kwa aliyekwisha kuzoea, na kwa 10 tu kwa yeyote aliyewahi kufika 2400. Hapo ndipo mlima unapoanza kuwa mkali: kutoka 2400 hadi 2500 mchezaji anatakiwa kuvuna jumla ya pointi kumi zaidi ya zile alizotabiriwa, na kila anapopanda, utabiri nao unampandia.

Nomu ni kitu kingine. Hii hutazama shindano moja lenye michezo isiyopungua tisa, na huuliza kama mchezaji amecheza humo kwa kiwango cha 2600. Wastani wa wapinzani wake ukiwa 2380, ambao ndio wa chini unaokubalika, anahitaji pointi 7 kati ya 9. Ukiwa 2434 zinatosha 6.5, na ukifika 2600 zinatosha 4.5. Kwa hiyo sare tisa dhidi ya wababe zinaweza kuleta nomu, wakati ushindi mara tisa dhidi ya wanyonge hauleti chochote.

Masharti kuhusu wapinzani ndiyo yanayowabana zaidi wachezaji wa Afrika. Angalau theluthi ya wapinzani, na wasipungue watatu, wawe wenyewe magrandmasta. Angalau nusu wawe na vyeo vya FIDE. Kwa kawaida wasiwe wa nchi moja tu: watoke walau katika mashirikisho mawili mbali na la mchezaji mwenyewe. Nchi isiyo na grandmasta haiwezi kutoa nomu bila kuwaalika magrandmasta wageni na kuwagharamia. Ulaya mambo ni mepesi, kwani iko miji ambamo mashindano ya kutafutia nomu huandaliwa mara kwa mara. Abhimanyu Mishra, mtoto wa New Jersey, alipiga kambi Budapest kwa miezi kadhaa mwaka 2021 akicheza shindano moja baada ya jingine, na mwisho wa Juni akawa grandmasta mdogo kuliko wote waliotangulia, akiwa na miaka 12, miezi minne na siku 25. Kipaji chake hakina shaka. Lakini bila nauli na pango la miezi hiyo kipaji hicho kisingekuwa na mahali pa kuhesabiwa.

Amon Simutowe wa Zambia, aliyezaliwa Ndola mwaka 1982, alijua ugumu huo kwa miaka mingi. Mwaka 2000 alishika nafasi ya pili katika ubingwa wa dunia wa vijana mjini Yerevan, nyuma ya Lázaro Bruzón wa Cuba. Kijana wa Ulaya mwenye matokeo kama hayo angetarajiwa kuwa grandmasta ndani ya mwaka mmoja au miwili. Simutowe alikwenda Marekani kwa ufadhili wa masomo uliotokana na chesi, katika Chuo Kikuu cha Texas kilichoko Dallas, na nomu yake ya mwisho aliipata mwaka 2007 huko Arnhem, Uholanzi, alipotwaa shindano la Euwe Stimulans kwa pointi 7.5 kati ya 9. Hata kama wastani wa wapinzani ungekuwa ule wa chini kabisa, 2380, matokeo hayo yangempa kiwango cha 2653. Bado nomu hazikutosha peke yake, kwani alama 2500 nazo zilitakiwa, na zile hatua za kuzidisha kwa kumi hazina haraka. Cheo kilithibitishwa mwaka 2009. Hakuna grandmasta mweusi kutoka kusini mwa Sahara aliyemtangulia.

Njia nyingine haipiti kwenye nomu. Kenny Solomon wa Afrika Kusini, aliyekulia Mitchells Plain, Cape Town, alitwaa ubingwa wa Afrika mjini Windhoek mwaka 2014, na kwa kanuni ya FIDE bingwa wa bara alipewa cheo moja kwa moja bila kusubiri 2500. Wapo waliokilalamikia cheo cha namna hiyo, lakini malalamiko hayo hayana uzito. Ubingwa wa Afrika huwakutanisha wachezaji na Wamisri, Waaljeria na Wamorocco, na kaskazini mwa bara hakuna uhaba wa nguvu: Slim Bouaziz wa Tunisia ndiye grandmasta wa kwanza wa Afrika, na Bassem Amin, daktari wa Misri, ndiye Mwafrika wa kwanza kuvuka alama 2700.

Afrika Mashariki mlango uliofunguka zaidi ni Olimpiadi ya chesi. Hufanyika kila baada ya miaka miwili, ina raundi kumi na moja, na mwenyeji hugharamia malazi na chakula cha timu. Ndani ya wiki mbili mchezaji wa Kampala hukutana na wageni watupu, tena wengi wao wana alama na vyeo, yaani kile hasa ambacho hesabu inadai. Phiona Mutesi, msichana wa Katwe aliyefundishwa na Robert Katende katika mradi ulioanza kwa kuwapa watoto uji pamoja na mchezo, alivuna asilimia 50 ya michezo tisa katika Olimpiadi ya Istanbul mwaka 2012 na kupata cheo cha mwanzo cha wanawake. Mwenzake Ivy Amoko alikipata hapohapo, na hao wawili wakawa wanawake wa kwanza wa Uganda wenye cheo cha FIDE. Filamu ya Mira Nair ya mwaka 2016, ambayo Lupita Nyong'o aliigiza kama mama wa Phiona, iliufanya mtaa mzima wa Katwe ujulikane, ingawa kutoka cheo hicho hadi grandmasta kuna ngazi kadhaa.

Kwa kijiji kama Msowero, kando ya barabara ya Dumila kwenda Kilosa, hesabu huanzia chini zaidi. Alama ya kwanza hutolewa baada ya michezo isiyopungua mitano dhidi ya watu ambao tayari wana alama, katika mashindano yaliyosajiliwa FIDE, na tangu Machi 2024 matokeo yakitoa chini ya 1400 mchezaji haingizwi kwenye orodha. Vijana kumi wa Msowero wakichezana mwaka mzima, na mmoja wao akawafunga wote kila siku, FIDE haitamwona. Lakini mwenye alama mmoja akija kucheza nao kwenye shindano lililosajiliwa, sehemu moja kati ya tano za sharti imekwisha kutimia.