Wingi wa "Mabepari": Italia ya Shakespeare, Tafsiri ya Nyerere na Msomaji wa Asiatique

Makala hii inahakiki neno moja katika jina la kitabu. Mwaka 1969 Julius Nyerere alichapisha tafsiri ya tamthilia ya Shakespeare iliyotungwa mwishoni mwa karne ya 16, akaiita Mabepari wa Venisi. Jina la Kiingereza linamtaja mfanyabiashara mmoja, naye ni Antonio. La Kiswahili linataja wengi. Ni rahisi kulieleza badiliko hilo kwa Azimio la Arusha la 1967. Maelezo hayo ni sahihi, lakini hayatoshi.

Kwanza, Venisi iliyomfikia Nyerere ilikuwa imekwisha kupita mikono kadhaa. Kisa cha mkopo unaodhaminiwa kwa ratili ya nyama ya mwili kimo katika Il Pecorone ya Giovanni Fiorentino, iliyochapishwa Milan mwaka 1558. Waingereza wa zama hizo walivutiwa mno na Italia, lakini mara nyingi waliitumia kusemea mambo ya kwao. Hakuna ushahidi kwamba Shakespeare aliwahi kufika huko. Aidha, Wayahudi walikuwa wamefukuzwa Uingereza tangu 1290, hivyo hadhira ya London ilimjua Myahudi kwa masimulizi zaidi kuliko kwa ujirani. Ghetto ya Venisi, iliyoanzishwa 1516 na ambayo malango yake yalifungwa usiku, haitajwi popote katika tamthilia. Shylock tuliyempokea ni mtu aliyenyang'anywa mtaa wake.

Pili, neno "bepari" lenyewe lina safari yake. Lilitoka katika lugha za Kihindi, likiwa na maana ya mfanyabiashara, kabla ya siasa za karne ya 20 kulipa maana ya mnyonyaji mwenye mtaji. Kwa maana ya kale, Nyerere alitafsiri kwa uaminifu. Kwa maana mpya, alihukumu. Ubora wa uteuzi wake umo katika kuzishika maana zote mbili kwa pamoja.

Hapo ndipo wingi unapopata uzito. Jina hilo halimwachi Shylock peke yake kizimbani. Antonio anayetega utajiri wake kwenye merikebu, Bassanio anayekopa ili akapose kwa tajiri, wote wamo. Tamthilia yenyewe inaunga mkono usomaji huo: mbele ya mahakama, Shylock anawakumbusha Wavenisi kwamba wao nao wanamiliki watumwa waliowanunua. Kosa linahamishwa kutoka kwenye asili ya mtu hadi kwenye uhusiano wa mali na utu.

Yaweza kupingwa kwamba wingi huo unapanua chuki badala ya kuitibu, kwa kuwa kila mwenye duka sasa aweza kuitwa bepari. Pingamizi hili si la kupuuzwa. Mwaka 1971 Tanzania ilitaifisha majengo, mengi yakiwa ya Waasia. Mwaka uliofuata Idi Amin aliwafukuza Waasia Uganda. Historia imeonyesha jinsi lawama dhidi ya mfumo inavyoweza kugeuzwa kuwa lawama dhidi ya jamii.

Kwa sababu hiyo, Asiatique ya Bujumbura ni mahali pafaapo kuipima tafsiri hii. Mtaa huu wa biashara umerithi jina kutoka mpango wa mji wa kikoloni uliowagawa wakazi kwa rangi na asili. Haukuwa Ghetto, na kuulinganisha nayo moja kwa moja ni kupotosha. Hata hivyo, jina lake bado linafanya kazi ya kuunganisha biashara na asili, na Kiswahili kimekuwa miongoni mwa lugha za biashara hiyo. Mwanafunzi wa hapa anayefundishwa kuwa bepari ni Shylock tu amefundishwa pia namna ya kumtazama jirani yake.

Burundi imo katika Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2007, na mahitaji ya vitabu vya fasihi ya Kiswahili shuleni yapo. Tunapendekeza mambo mawili. Tafsiri hii ifundishwe pamoja na historia ya safari yake, kutoka Milan hadi London na Dar es Salaam. Na fasihi ya Italia ianze kutafsiriwa kutoka Kiitalia chenyewe, ili Venisi isiendelee kutufikia kwa macho ya London pekee.