Sikio, Bisibisi na Kaseti ya Dakika 90

Mto Themi hushuka kutoka Mlima Meru na kulikata jiji la Arusha. Ni katika jiji hili, kwenye majengo ya Kituo cha Mikutano cha Kimataifa cha Arusha (AICC), ilikofanya kazi Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyoundwa na Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa Novemba 1994 na kufungwa mwisho wa mwaka 2015. Iliacha shehena ya karatasi, na pamoja nazo zaidi ya saa 26,000 za sauti. Leo urithi huo unatunzwa Lakilaki, nje kidogo ya jiji, chini ya IRMCT, taasisi iliyopokea kazi zilizobaki.

Kwa nini sauti, wakati maandishi yapo? Kumbukumbu za vikao ziliandikwa kwa Kiingereza na Kifaransa. Shahidi aliyesema Kinyarwanda, maneno yake mwenyewe yamo kwenye rekodi: alipokazia, alipositasita, alipoomba swali lirudiwe. Na katika kesi ya vyombo vya habari vilivyochochea mauaji ya kimbari ya Rwanda, iliyotolewa hukumu Desemba 2003, kaseti zenyewe zilikuwa ushahidi. Matangazo ya redio RTLM, iliyoanza kurusha Julai 1993, yalilazimika kusikilizwa, kuandikwa neno kwa neno, kisha kutafsiriwa, ndipo majaji wayapime.

Tuchukue basi kaseti moja ya kawaida, ya dakika 90, tuifuate mikononi mwa fundi wa sauti za zamani.

Haichezi kwanza. Anaisogeza kwenye taa na kutazama kwenye kidirisha kama kuna ukungu au mkunjo. Anakagua kile kipande kidogo cha felti kinachoukandamiza utepe kwenye hedi inayosoma sauti, maana gundi yake huchoka kwa umri na kikidondoka sauti hufifia. Ganda likiwa limepasuka, anafungua skrubu tano na kuhamishia utepe kwenye ganda jipya, bila kuugusa kwa vidole vitupu. Unene wake ni takriban mikroni 12, mwembamba kuliko unywele. Penseli inaingia kwenye tundu la gurudumu, kama tulivyofanya wote enzi za redio kaseti. Ila yeye anazungusha polepole, hadi utepe ulegee au ukaze anavyotaka.

Sasa zamu ya deki. Pamba iliyoloweshwa spiriti inapita juu ya hedi na kutoka na rangi ya kahawia, vumbi la tepu zilizotangulia. Rola ya mpira nayo inafutwa. Kisha hedi inaondolewa usumaku uliobaki, kwa sababu usumaku huo hula sauti nyembamba kila tepu inapopita.

Hatua inayofuata ndiyo inayomtofautisha fundi na mtu mwenye mashine. Deki iliyorekodi kaseti hii miaka thelathini iliyopita huenda hedi yake ilikuwa imeinama kidogo sana. Hedi ya leo isipoinama vivyo hivyo, msemaji husikika kama aliyejifunika blanketi. Pembeni ya hedi kuna skrubu ndogo. Fundi anavaa hedifoni, anachomeka bisibisi, anazungusha chini ya robo ya mzunguko na kusubiri herufi: s, sh, ch. Anapita mahali penyewe, sauti inafifia tena, anarudi. Ghafla konsonanti zinasimama wima na maneno yanatengana. Akigeuza upande wa pili wa kaseti, anaanza upya, kwa kuwa upande wa kwanza hauna dhamana kwa wa pili.

Ndipo anaiacha iende. Utepe wa kaseti hupita sentimita 4.76 kwa sekunde, na saa moja ya sauti hutaka saa moja ya sikio. Mtu mmoja akisikiliza saa nane kwa siku, siku tano kwa wiki, saa 26,000 zitamchukua zaidi ya miaka 12. Kompyuta inachukua sampuli 96,000 kila sekunde, kwa biti 24, bila kubana faili. Mvumo wa tepu anauacha ulivyo. Kichujio kinachoondoa mvumo huondoa pia pumzi na miisho ya maneno. Anayetaka nakala iliyosafishwa atatengenezewa faili la pembeni.

Kwa sauti za mahakama, bado kuna hatua moja. Baadhi ya mashahidi walipewa ulinzi, na nakala ya kusikilizwa na umma haipaswi kuwafichua. Anayeifanya kazi hii hufuatilia maandishi kwa jicho na rekodi kwa sikio. Wakili akiteleza na kutaja jina la kijiji, jina hilo litarudi sekunde chache baadaye katika tafsiri, na kila lugha inabidi ikaguliwe. Kimya kinachopachikwa hapo hupimwa kwa uangalifu: kikipungua kidogo, mtu anajulikana; kikizidi, ushahidi umepotea. Rekodi ya asili haiguswi, hubaki nzima chini ya ulinzi.

Mwisho fundi anaandika: deki ipi, tarehe ipi, ganda lilibadilishwa, umeme ulikatika wapi, upande wa pili unaanzia katikati ya sentensi. Kaseti inarudi kwenye chumba cha ubaridi hata kama nakala imetoka safi. Huenda siku moja ikapatikana mashine inayotoa zaidi kwenye utepe uleule, na atakayeiendesha atahitaji kujua mtangulizi wake alifanya nini na aliacha nini.