Punda wa Methali na Punda wa Mkokoteni

Mwalimu mwenzangu, nawe mtahiniwa, tumezoea kusema kwamba mnyama katika fasihi ni ishara ya binadamu, kisha tukafunga daftari. "Punda afe mzigo ufike," twaeleza, ni methali ya kujitolea. Lakini msemaji ni nani? Ni mwenye mzigo. Aidha, "fadhila ya punda ni mateke" humlaumu punda wala haimtaji anayemchapa.

Chukua Shamba la Wanyama, tafsiri ya Fortunatus Kawegere ya mwaka 1967. Ni kweli kwamba George Orwell alilenga mapinduzi ya Urusi. Hata hivyo, mwaka 1947 alieleza kuwa wazo lilimjia alipomwona mvulana akimchapa farasi wa mkokoteni. Basi yule farasi mchapakazi, anayeuzwa akachinjwe nguvu zikimwishia, ni mfanyakazi aliyedhulumiwa. Vilevile ni farasi.

Mwanafunzi wa hapa Migosi, Kisumu, akimwona punda anavuta mkokoteni wa maji huku akichapwa, ajue kwamba Sura ya 360 ya sheria za Kenya huhesabu kumpiga mnyama kikatili na kumtwika kupita kiasi kuwa kosa. Mwaka 2024 Umoja wa Afrika nao ulipiga marufuku uchinjaji wa punda kwa ajili ya biashara ya ngozi.

Kwa hiyo, katika jibu lako, eleza ishara kwanza, kisha umrudie mnyama mwenyewe. Nawe mwalimu, waulize darasani: methali hiyo ingesemaje kama mtunzi angekuwa punda?