Macho ya Simone Signoret

Katika Casque d'or, filamu ya Jacques Becker ya mwaka 1952, kuna dansi moja kando ya mto ambayo kila anayejifunza kuigiza angeitazama mpaka aikariri. Simone Signoret, akiwa Marie, anazungushwa kwa muziki wa valsi na mwanamume ambaye Marie amekwisha kumchoka. Pembeni yupo Manda, seremala, ambaye ndiyo kwanza wameonana. Kila mzunguko unapomrudisha upande ule, macho yake yanakwenda kwa Manda na kutua. Mwili unageuzwa, ukirudi, macho yanarudi palepale. Hasemi neno, na mtazamaji amekwisha kuelewa kwamba hawa wawili hawatapona.

Sinema aliiingia kwa mlango wa nyuma. Paris ilikuwa chini ya Wajerumani, na baba yake, Myahudi, alikuwa amekwenda London. Binti akaliweka kando jina la Kaminker, akachukua la ukoo wa mama yake, akawa anaokoteza vijinafasi vya kupita tu mbele ya kamera. Naamini huko ndiko alikojifunza kuonekana bila kujionyesha.

Oscar aliipata kwa Room at the Top, filamu ya Waingereza ya mwaka 1959. Mimi lakini namhusudu zaidi kwa yaliyofuata: aliuacha uso wake uzeeke hadharani, kisha akaufanyia kazi uzee huo. Mwaka 1977, akiwa na miaka 56, alimwigiza Madame Rosa, bibi mgonjwa aliyenusurika Auschwitz, akipanda ngazi za ghorofa huku pumzi zikimwishia. Hakuna hata chembe ya urembo aliyojiwekea akiba.

Kilele, kwangu, ni L'Armée des ombres ya Jean-Pierre Melville, ya mwaka 1969. Mathilde, mwanamke jasiri wa harakati za siri dhidi ya Wanazi, anatembea barabarani. Gari linamkaribia, na ndani yake wamo wenzake waliokuja kumuua. Anasimama, anawatazama. Mshangao umo, kuwatambua kumo, na labda hata kukubali. Mwigizaji mwingine angechagua moja. Yeye anayabeba yote kwa sekunde chache, nasi tunabaki kuyapima.

Kalamu aliishika akiwa mtu mzima. Kitabu cha kumbukumbu zake kilitoka mwaka 1976, kikasomwa sana Ufaransa. Uoni ulikuwa ukimpotea alipochapisha riwaya, Adieu Volodia, mwaka 1985, juu ya familia za Wayahudi wa Ulaya Mashariki waliohamia Paris. Aliwaandika watu wa asili ya baba yake, wale ambao wakati wa vita jina lao lilikuwa hatari kulitamka. Alifariki Septemba mwaka huohuo.

Ukitaka kumjua, anza na Casque d'or, na ukifika kwenye ile dansi, izime sauti uyafuate macho yake.