Vita Visivyo na Picha: Somo la Hamadi kwa Nchi ya Chai

Anayetaka kutengeneza filamu kuhusu dhuluma za ukoloni Kericho na Bomet, nchini Kenya, hupambana na tatizo la ufundi kabla hajawasha kamera. Mwaka 1905 majeshi ya Waingereza yaliwashambulia Wakipsigis wa Sotik. Mwaka 1934 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuuhamisha ukoo wa Talai hadi Gwassi, karibu na Ziwa Viktoria, nchi ya mbung'o na malaria. Leo ukielekeza lenzi kwenye vilima vya Kericho na Bomet unapata chai tu, iliyopogolewa ikalingana, na mzee anayesimulia anaonekana kama anabishana na mandhari.

Wengi hujiokoa kwa droni na muziki wa huzuni. Dieudo Hamadi, mtengenezaji filamu mzaliwa wa Kisangani, Kongo, alipata njia bora katika En route pour le milliard (2020). Filamu hiyo inahusu Vita vya Siku Sita vya Juni 2000, pale majeshi ya Uganda na Rwanda yalipopigana katikati ya Kisangani, mji usio wao. Manusura, baadhi yao waliopoteza miguu au mikono, wanateremka Mto Kongo, kiasi cha kilomita 1,700, kwenda Kinshasa kudai fidia.

Hamadi hategemei picha za makombora. Kamera anaishika mwenyewe, anakaa karibu na watu wake, na anawapa muda. Kupanda chombo kwa magongo au kulala chini ya turubai mvua inaponyesha huonyeshwa kwa urefu wake, hadi mtazamaji ahisi uzito wa kila tendo. Safari nayo inayageuza yaliyopita kuwa deni la leo: tunataka kujua kama watafika, na kama kuna atakayewapokea.

Kiungo muhimu zaidi ni jukwaa. Katikati ya safari tunakatiwa kwenye maonyesho ambamo manusura wenyewe wanaigiza mateso yao. Mjini Kinshasa milango inafungwa mbele yao. Jukwaani hakuna wa kuwakatiza. Wao ndio wanaochagua neno, mkao na kimya. Mkato huo unawatoa katika hali ya kuhurumiwa na kuwafanya waandishi wa historia yao.

Mbinu hii inafaa Kericho. Safari ipo: Agosti 2022 Watalai na Wakipsigis walipeleka malalamiko yao dhidi ya Uingereza katika Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu. Watu waliozaliwa Gwassi wapo. Anayesubiri picha za 1934 anawaachia walioshika kamera siku hizo waamue nini kilitokea. Kazi ianze kwa kuwauliza wazee wanataka kuonyesha nini na kwa namna gani, na ratiba ya upigaji picha ipangwe kufuata jibu lao.