Filimbi na Zumari: Kasoro za Istilahi "Ala za Mbao"

Hivi karibuni tuliletewa hapa Miyuji, Dodoma, rasimu ya istilahi za muziki iliyokusudiwa walimu wa shule, tuisome na kuitolea maoni. Walioitayarisha hatutawataja, kwani kasoro tutakazozijadili si zao peke yao. Zimeenea katika tafsiri nyingi. Katika rasimu hiyo ala zinazopulizwa zimegawanywa mafungu mawili, "ala za mbao" na "ala za shaba". Klarineti imeitwa "filimbi nyeusi". Oboe imeitwa "filimbi nyembamba". Saksafoni, kwa kuwa inang'aa, imepelekwa fungu moja na tarumbeta. Zumari halikupewa hata mstari mmoja.

Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba mgawanyo huo haufai, na kwamba Kiswahili kilikuwa na mgawanyo ulio bora zaidi kabla mtu yeyote hajafikiri kutafsiri ule wa Kizungu.

Tuanze na chanzo cha kosa. Wazungu walipoanza kuita kundi moja la ala zao kwa jina la mbao, ala hizo kwa kweli zilichongwa kwa mbao. Baadaye mambo yakabadilika. Mwaka 1847 Theobald Böhm wa Ujerumani alitengeneza filimbi ya madini, na leo filimbi nyingi za okestra ni za fedha au madini mengine. Adolphe Sax, Mbelgiji, alipata hataza ya saksafoni huko Ufaransa mwaka 1846, na saksafoni tangu siku ya kwanza ni ya shaba. Hata hivyo wenyewe huihesabu katika kundi la mbao. Jina lilibaki, maana ikahama. Mwenye lugha hana tabu na jina la namna hiyo kwa sababu amelizoea tangu utotoni. Mfasiri anayelihamisha neno kwa neno humpa msomaji wake jina ambalo maana yake ilikwisha kuondoka.

Jaribio dogo latosha kuonyesha jambo hili, na kila mwalimu aweza kulifanya darasani. Chukua vikonyo vitatu vya majani ya mpapai, ambavyo vina uwazi ndani. Cha kwanza kikate, upulize pumzi yako ikatike kwenye ukingo wa tundu, kama mtu apulizavyo mdomo wa chupa. Hiyo ni filimbi. Cha pili kiache kimezibwa upande mmoja, ukipasue mpasuo mwembamba karibu na mwisho ulioziba, kisha utie sehemu hiyo kinywani na kupuliza. Kipande kilichopasuliwa kitatetemeka na kulia. Hilo, kwa tabia yake, ni zumari. Cha tatu kikate pande zote mbili, ubane midomo na kuitetemesha penye tundu. Hilo ni baragumu. Vikonyo vyote ni vya mpapai mmoja, na ala ni tatu. Basi kinachotofautisha ala za kupuliza si kitu zilichotengenezewa, bali ni njia ambayo pumzi huitumia kuzaa sauti: ukingo, ulimi au midomo.

Waswahili na jirani zao wameifuata njia hii siku zote bila kuhitaji kitabu. Siwa ya Pate ni ya pembe ya ndovu, na siwa ya Lamu ni ya shaba. Zote mbili hupulizwa ubavuni kwa midomo, na zote mbili ni siwa. Amakondere ya Uganda hutengenezwa kwa vibuyu, nayo ni ndugu wa siwa kuliko alivyo ndugu yake mtu anayeuza vibuyu sokoni. Kwa upande wa filimbi tunayo endere ya Uganda, chivoti cha Wadigo, na nai iliyokuja na taarabu. Zumari ni la pwani: lina mwili wa mbao unaopanuka kuelekea chini, na ulimi wa tabaka mbili ambao mpigaji huutia wote kinywani. Asili ya jina ni Kiarabu, na ukoo wa ala yenyewe umeenea mbali: zurna ya Waturuki, shehnai ya Wahindi na suona ya Wachina ni jamaa zake. Oboe ya Ulaya nayo ni ya ukoo huo huo. Kuiita oboe "filimbi nyembamba" ni kumtoa mtu katika ukoo wake na kumtia katika ukoo wa jirani.

Wafasiri waliotutangulia waliliona jambo hili. Msomaji akifungua sura ya tatu ya Kitabu cha Danieli katika Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952 atakuta panda, filimbi na zomari zimetajwa mbalimbali katika orodha moja: ala ya midomo, ala ya ukingo na ala ya ulimi. Wataalamu wawili, Erich von Hornbostel na Curt Sachs, walipochapisha mwaka 1914 mpango wao wa kuainisha ala za muziki za dunia nzima, walizigawanya ala za kupuliza kwa msingi huo huo. Basi anayeng'ang'ania "mbao" na "shaba" kwa hoja ya kufuata sayansi ameiacha sayansi nyuma.

Lipo pia tatizo la ule ulimi wenyewe. Katika rasimu tuliyoletewa umeitwa "mwanzi", kwa sababu neno la Kiingereza linalotaja ulimi wa ala ndilo hilo linalotaja mmea. Matokeo yake ni kwamba nai, iliyo mwanzi mtupu kuanzia juu hadi chini lakini haina ulimi wowote, itaingia katika "ala za mwanzi", na zumari ambalo mwili wake ni mbao litakuwa na shaka. Tunapendekeza neno ulimi. Kwa Kiswahili chetu kengele ina ulimi, na moto una ndimi. Hakuna atakayeshangaa kusikia kwamba klarineti ina ulimi mmoja na oboe ina ndimi mbili.

Yako mapingamizi mawili yanayostahili kujibiwa. La kwanza ni kwamba mpingo, ambao ndio mti wa klarineti na oboe, hutoka kwetu, na kwa hiyo jina "ala za mbao" linatupa heshima. Ni kweli kwamba mpingo wa Tanzania husafiri hadi Ulaya na kurudi ukiwa ala. Ni kweli pia kwamba mwaka 2009 vijiji vya Kilwa vilipata hati ya kimataifa ya usimamizi bora wa misitu yao ya asili, na mpingo ukiwa ndiyo mali yao kuu. Lakini heshima hiyo ni ya msitu na wanakijiji, nayo haikuzwi kwa kuharibu istilahi. Kinyume chake, istilahi mbovu yaweza kuwadhuru. Tangu mwaka 2017 biashara ya kimataifa ya mpingo inatawaliwa na mkataba wa CITES, na tangu mwishoni mwa mwaka 2019 ala za muziki zilizokamilika, pamoja na sehemu zake zilizokamilika, hazihitaji kibali hicho. Mtumishi wa umma atakayetafsiri maelezo ya namna hiyo, akaandika "ala za mbao" pahali palipotajwa klarineti na oboe, atakuwa ameziingiza marimba, zeze na ngoma pia, maana zote ni mbao. Mwombaji na mtoa kibali watabishana juu ya neno, na mzigo utabaki bandarini.

Pingamizi la pili ni la watu wa bara. Huulizwa: hapa Ugogoni, ambako sifa ni ya zeze, ilimba na ngoma za muheme, nani analijua zumari? Jibu letu ni kwamba klarineti haijulikani zaidi ya hilo. Tena Ugogo wenyewe unatufundisha jinsi jina linavyosafiri. Hukwe Zawose, mzaliwa wa mkoa wa Dodoma aliyefariki mwaka 2003, aliipeleka ilimba katika majukwaa ya Ulaya, na wasikilizaji wakajifunza kutamka ilimba. Wale wasiotaka kujifunza waliiita "piano ya dole gumba", ingawa haina uhusiano wowote na piano. Tunapolichekea jina hilo tukumbuke kwamba "filimbi nyeusi" limezaliwa kwa mama yule yule.

Mapendekezo yetu ni haya. Majina ya ala moja moja za kigeni yabaki kama yalivyozoeleka au yatoholewe: klarineti, oboe, saksafoni. Majina ya makundi yawe ya kwetu: jamii ya filimbi, jamii ya zumari na jamii ya baragumu. Hapa zumari latumika kama paka anavyotumika tunaposema kwamba simba ni wa jamii ya paka. Mpigaji wa Unguja hanyang'anywi zumari lake, na saksafoni haibadiliki jina. Mfasiri akikuta lile fungu la Kizungu la mbao, aandike filimbi na zumari. Akikuta lile la shaba, aandike jamii ya baragumu, na siwa ya pembe itapata mahali pake bila kuombewa ruhusa.

Tunaomba mapendekezo haya yajadiliwe kabla rasimu haijapigwa chapa, kwa kuwa neno likishaingia katika kitabu cha shule huwa gumu kuling'oa. Mtoto anayefundishwa leo kwamba saksafoni ni tarumbeta atakuja kuwa mwalimu, naye atawafundisha wengine hivyo hivyo.